Hadubini Iliyovunjika na Boksi Lililoshukia Kahama: Uchambuzi wa Kisa cha Vifurushi vya Thamani

Usuli

Kisa hiki kinahusu katoni mbili zilizotoka katika duka la vifaa vya maabara lililoko Kariakoo, Dar es Salaam, kwenda kwenye zahanati ya binafsi katika kisiwa kimojawapo cha Ziwa Victoria, upande wa Tanzania. Majina ya watu, ya duka, ya zahanati na ya kampuni zote yameondolewa, na viwango vya fedha vimezungushwa kidogo bila kubadili uwiano wake. Muuzaji na mnunuzi waliridhia nyaraka zao zisomwe kwa ajili ya mafunzo.

Katoni ya kwanza ilikuwa na hadubini ya macho mawili yenye thamani ya shilingi 3,400,000. Ya pili ilikuwa na kompyuta mpakato pamoja na kamera ndogo inayopachikwa juu ya hadubini ili kinachoonekana kwenye lenzi kionekane pia kwenye skrini, vyote kwa jumla ya shilingi 1,900,000. Zahanati ilikuwa imekwisha kulipa fedha zote kwa benki kabla mzigo haujaondoka, na katika mazungumzo marefu ya WhatsApp yaliyotangulia malipo hayo hakuna sentensi hata moja iliyogusa suala la nani atakayebeba hasara endapo mzigo utaharibika njiani. Rangi ya kompyuta ilijadiliwa kwa kirefu.

Mnunuzi alikuwa na haraka ya haki. Hadubini ya zamani ya zahanati ilikuwa imekufa, na ingawa vipimo vya haraka vya malaria viliendelea kama kawaida, vipimo vya choo na vya makohozi vilikuwa vikipelekwa kwenye kituo kingine kwa mtumbwi, majibu yakirudi siku iliyofuata au baada yake. Haraka hiyo inaeleza maamuzi kadhaa yatakayosimuliwa hapa chini, hata yale ambayo mtu aliyekaa mbali angeyaona kuwa ya kizembe.

Ufungaji na makabidhiano

Hadubini ilitoka kiwandani ikiwa ndani ya povu jeupe gumu lililochongwa kwa umbo lake, nalo povu likiwa ndani ya boksi la kiwanda. Muuzaji aliitoa humo ili kuijaribu mbele ya simu, akampigia mkuu wa maabara video kumwonyesha kwamba taa inawaka na lenzi zote nne zinazunguka, kisha akaona kwamba kuirudisha kwenye povu kungemlazimu kuvua kichwa chake chenye lenzi za macho, kwa kuwa povu lilichongwa kwa kifaa kilichofunguliwa vipande viwili. Badala yake aliisimamisha nzima ndani ya boksi pana zaidi, akajaza magazeti yaliyokunjwakunjwa pande zote, akafunika kwa kipande cha sponji na kufunga kwa selotepu ya kahawia. Skrubu inayokaza jukwaa la kuwekea vioo haikukazwa, na lenzi ziliachwa mahali pake.

Kompyuta na kamera viliwekwa kwenye boksi lililokuwa limeleta sabuni dukani. Ubavuni mwake palikuwa na maandishi makubwa ya kalamu nyeusi kutoka safari ya awali: MAMA N. – KAHAMA, na nambari ya simu. Kijana wa dukani alibandika juu ya boksi karatasi yenye jina la zahanati, neno MWANZA na simu ya wakala, akaizungushia selotepu. Maandishi ya ubavuni hakuyafuta.

Kwenye ofisi ya vifurushi ya kampuni ya basi, katika Kituo cha Mabasi cha Magufuli, Mbezi Luis, karani aliuliza maboksi yana nini na yana thamani gani. Mtumaji alijibu kuwa ni vipuri, shilingi 150,000. Baadaye alieleza sababu zake mbili, na zote mbili zinastahili kusikilizwa: kwanza, nauli ya mzigo hupanda kadiri thamani inavyotajwa kuwa kubwa, pili, na hii ndiyo iliyomsukuma zaidi, aliamini kwamba kutamka kompyuta na mamilioni mbele ya foleni ya watu ni sawa na kuwaonyesha wezi boksi la kuchukua. Alilipa shilingi 35,000, yaani 20,000 kwa hadubini na 15,000 kwa boksi la pili, akapewa stakabadhi moja iliyoandikwa "katoni 2, vipuri, 150,000". Nyuma yake kulikuwa na masharti kwa herufi ndogo: kampuni haiwajibiki kwa vitu vinavyovunjika ambavyo havikutajwa kuwa hivyo, fidia haitazidi thamani iliyotamkwa, na malalamiko hayatapokelewa baada ya mpokeaji kusaini kwamba amepokea mzigo ukiwa salama.

Mfululizo wa matukio

Basi liliondoka alfajiri ya Jumatatu. Barabara ya Dar es Salaam hadi Mwanza ina urefu wa zaidi ya kilomita 1,100 na hupitia Morogoro, Dodoma, Singida na Shinyanga. Basi hilo lilikuwa na ratiba ya kupitia pia Kahama kushusha abiria. Hapo, usiku, buti lilipofunguliwa, boksi la sabuni lilionekana ubavu wake ukiwa nje na maandishi yake makubwa yakisomeka kwa tochi. Konda alifanya kile ambacho konda yeyote mwangalifu angefanya: alilishusha.

Jumanne asubuhi wakala wa zahanati, kijana anayepokea mizigo ya watu wa visiwani kwa ujira, alifika kwenye ofisi ya kampuni huko Nyegezi, Mwanza. Alikuta katoni moja. Karani alimwambia kwamba nyingine huenda ikaja na basi la kesho. Katoni ya hadubini ilikuwa imebonyea kona moja ya chini, na juu yake palikuwa na vumbi la unga lililoonyesha kwamba gunia lilikuwa limelala juu yake. Wakala alimpigia simu mkuu wa maabara, na ujumbe wa sauti aliomtumia mara baada ya hapo bado upo: "Mzee, meli inaondoka saa nane na huku foleni ni ndefu, nisaini tu nikawahi?" Aliambiwa asaini. Alitia saini mahali palipochapishwa maneno "nimepokea mzigo wote ukiwa salama", kwa katoni mbili, ilhali mkononi alikuwa na moja.

Katoni ilifika kisiwani jioni. Ilifunguliwa palepale zahanati, magazeti yakatupwa kwenye shimo la taka na kuchomwa pamoja na taka nyingine za siku hiyo. Hadubini ilipowashwa, taa ilifanya kazi, lakini mtazamaji aliyeweka macho yote mawili aliona duara mbili zisizokutana, na kirungu kikubwa cha kupandisha jukwaa kilikuwa kikiteleza bila kushika. Picha zilipigwa wakati huo: picha nzuri za hadubini juu ya meza, zisizo na boksi, zisizo na magazeti, zisizo na kona iliyobonyea.

Boksi la pili halikuja Jumatano wala Alhamisi. Simu zilizopigwa Dar es Salaam zilijibiwa kwamba mzigo ulipakiwa, na za Mwanza kwamba mzigo ulisainiwa. Lilipatikana siku ya tisa, baada ya muuzaji kutuma kwa makarani wa vituo vyote vya njiani picha ya maboksi mawili ambayo kijana wake alikuwa ameipiga kwa bahati tu, kumwonyesha bosi wake kwamba ameshafika Mbezi. Karani wa Kahama alilitambua boksi la sabuni. Mama N. alikuwa amepigiwa simu tangu Jumanne, akasema hana mzigo wowote anaoutarajia, na boksi likawekwa stoo likisubiri mwenyewe. Kompyuta na kamera vilikuwa vizima kabisa.

Madai na majibu yake

Zahanati ilidai kwa muuzaji, muuzaji akadai kwa kampuni ya basi. Kampuni ilijibu kwa barua fupi na, kwa mujibu wa nyaraka ilizokuwa nazo, isiyo na kosa kubwa: mzigo uliotamkwa ni vipuri wala si kifaa cha lenzi, thamani ya katoni zote mbili ilikuwa 150,000, mpokeaji alisaini kwamba zote mbili zimefika salama, na hakuna picha inayoonyesha hali ya katoni ilipopokelewa. Kwa kuwa boksi la pili lilikaa Kahama siku tisa, kampuni ilirudisha nauli yake, shilingi 15,000, na kulifikisha Mwanza bila malipo.

Fundi wa vifaa tiba wa Mwanza alikadiria matengenezo kuwa shilingi 520,000. Taarifa yake ndiyo hati yenye manufaa zaidi katika jalada zima. Alieleza kwamba kichwa cha hadubini ya macho mawili kina vipande vya kioo, yaani prisimu, vinavyougawa mwanga sawasawa kwenye macho mawili, na kwamba pigo kali la upande mmoja husogeza vipande hivyo kwa kiasi kidogo ambacho jicho halikioni kwa nje lakini kinatosha kuzifanya picha mbili zisikutane. Meno ya gia ya kupandisha jukwaa yalikuwa yamepukutika kwa sababu jukwaa halikukazwa, hivyo kila mtikisiko wa barabara uliyapiga meno yaleyale. Kwa maneno mengine, hasara ilikuwa na vyanzo viwili: kuanguka mara moja, na kutikisika kwa saa nyingi. Fundi hakuona alama yoyote ya kifaa kufunguliwa njiani.

Muuzaji alifikiria kupeleka malalamiko TCRA, ambayo ndiyo mamlaka inayosimamia huduma za posta na vifurushi nchini. Alishauriwa kwamba malalamiko huanza kwa mtoa huduma mwenyewe kwa maandishi, na kwamba hata yakifika mbele, hati yake mwenyewe iliyoandikwa "vipuri, 150,000" ndiyo ingekuwa ushahidi wa kwanza dhidi yake. Aliacha.

Hapo ndipo swali lililorukwa katika WhatsApp lilipolazimika kujibiwa. Muuzaji alishikilia kwamba mzigo ukishakabidhiwa kwa msafirishaji ni mali ya mnunuzi, na hasara ni ya mnunuzi. Hoja hiyo ina msingi: Sheria ya Mauzo ya Bidhaa, Sura ya 214, kwa kawaida huchukulia kumkabidhi msafirishaji kuwa sawa na kumkabidhi mnunuzi, isipokuwa wahusika wawe wamekubaliana vinginevyo. Lakini sheria hiyohiyo humtaka muuzaji aingie na msafirishaji mkataba unaofaa kwa kuzingatia aina ya bidhaa, na asipofanya hivyo bidhaa zikapotea au kuharibika njiani, mnunuzi anaweza kukataa kwamba amekabidhiwa. Mkataba unaoiita hadubini ya milioni tatu na laki nne "vipuri" ni vigumu kuutetea kuwa mkataba unaofaa. Baada ya wiki ya mabishano walikubaliana kwamba muuzaji alipe 350,000 na zahanati 170,000, kwa kuwa wakala wa zahanati ndiye aliyesaini, na kwamba muuzaji asimamie upya usafirishaji wa hadubini.

Safari ya pili

Kiungo kilichohitajika hakikupatikana Mwanza, hivyo hadubini ilirudishwa Dar es Salaam, ikatengenezwa, na muuzaji akakaa na mkuu wa maabara kwa simu kupanga namna ya kuituma tena. Walipima njia tatu.

Ya kwanza ilikuwa mtu wa dukani asafiri nayo akiwa ameipakata. Njia hii ina sifa kubwa kuliko inavyopewa, kwa sababu hupunguza mikono hadi mmoja, lakini nauli ya kwenda na kurudi, malazi Mwanza na siku nne bila mfanyakazi viliifanya kuwa ghali. Ya pili ilikuwa ndege hadi Mwanza. Hadubini hiyo ina betri ya kuchaji ya lithiamu ndani yake, na zahanati ilikuwa imeongeza betri moja ya akiba. Tangu tarehe 1 Aprili 2016 betri za lithiamu-ioni zinazosafirishwa peke yake haziruhusiwi kama shehena kwenye ndege za abiria, na zile zinazosafiri pamoja na kifaa zina masharti yake ya kufungwa na kutamkwa. Muuzaji hakutaka kuingia tena katika kutamka nusu. Walichagua ya tatu: kampuni ya vifurushi yenye leseni, inayopokea tamko la thamani kamili, pamoja na bima ya mzigo iliyokatwa kando.

Safari hii kichwa cha hadubini kilivuliwa, na kila kipande kikarudi kwenye povu la kiwanda. Lenzi zilifunguliwa na kutiwa kwenye vikopo vyake vya plastiki. Jukwaa lilishushwa hadi chini na kukazwa. Boksi la kiwanda likaingizwa katika sanduku la mbao lililopimwa ili ibaki nafasi ya sentimita tano kila upande, na nafasi hiyo ikajazwa vipande vya sponji ngumu ya kukatia magodoro, vilivyobana kiasi kwamba sanduku likitikiswa hakisikiki chochote. Kabla ya kufunga, muuzaji alipiga picha za nambari ya kifaa, za kila hatua ya ufungaji, na za sanduku lililofungwa kutoka pande zote sita. Kila kiungo cha selotepu kilitiwa saini ya kalamu inayovuka kutoka kwenye selotepu hadi kwenye mbao, ili mtu akiibandua na kuibandika tena mistari isikutane. Ndani, juu ya sponji, iliwekwa karatasi ya pili yenye anwani. Nje hapakuandikwa hadubini wala bei; paliandikwa jina la mpokeaji, simu mbili, neno KIOO na mshale wa juu.

Sanduku lilikuwa na uzito wa kilo 14, lakini lilitozwa kilo 27. Kampuni hiyo huzidisha urefu, upana na kimo kwa sentimita na kugawanya kwa 5,000, kama wafanyavyo wengi katika biashara hii: 60 mara 50 mara 45 ni 135,000, na ukigawanya unapata 27. Mtumaji aliyezoea nauli ya basi inayokadiriwa kwa jicho alilalamika, na inaeleweka kwa nini wengi hubana ufungaji: hutozwa kwa ajili ya nafasi, na nafasi hiyo ndiyo inayokinga kifaa. Usafiri ulikuwa 95,000 na bima 34,000, ambayo ni asilimia moja ya thamani.

Matokeo

Sanduku lilifika Mwanza baada ya siku mbili na kisiwani siku iliyofuata, likiletwa na fundi sanifu wa maabara aliyekuwa amekuja mjini kwa shughuli nyingine. Mwanza hakuweza kulifungua, kwa sababu kifuniko kilikazwa kwa skrubu na ofisi haikuwa na bisibisi. Karani alimtaka asaini kama kawaida. Fundi huyo, aliyekuwa ameelekezwa mapema, aliandika kwa mkono kando ya saini yake: "Sanduku limepokelewa likiwa limefungwa, saini za selotepu hazijakatika, vilivyomo havijakaguliwa", akapiga picha ya karatasi hiyo. Hadubini ilikuwa nzima, na duara mbili zilikutana. Kutoka siku ya malipo hadi kipimo cha kwanza cha makohozi zilipita wiki sita.

Uchambuzi

Kishawishi cha kwanza ni kusema kwamba magazeti ndiyo yaliyoleta hasara. Ni kweli kwamba magazeti hujikunja zaidi kila yanapobanwa, na baada ya kilomita mia kadhaa kifaa kizito huwa kimechimba njia yake hadi kwenye ukuta wa boksi. Hata hivyo, vifaa vingi hufika salama ndani ya magazeti, na vingine huvunjika ndani ya mbao. Ufungaji hupunguza uwezekano wa hasara. Kilichoamua kwamba hasara hii isingelipwa na mtu yeyote isipokuwa wahusika wenyewe ni jibu alilopewa karani: "vipuri, 150,000".

Jibu hilo linahitaji kujadiliwa bila kebehi, kwa sababu hofu iliyolizaa ni ya kweli na watumaji wengi wanayo. Mtumaji alichanganya mambo mawili yanayoweza kutenganishwa: kile msafirishaji anachokijua kwa maandishi, na kile mpita njia anachokiona kwa macho. Kuficha thamani kwa mpita njia ni busara, na hufanyika kwa boksi lisilo na picha ya kompyuta, lisilo na nembo ya kiwanda, lililofungwa kwa karatasi ya kawaida. Kuificha kwa msafirishaji ni kujinyang'anya dai kabla ya safari kuanza. Kama foleni ni ndefu na karani anauliza kwa sauti, hakuna kinachomzuia mtumaji kuandika thamani kwenye kipande cha karatasi na kukisukuma dirishani. Katika safari ya pili ndivyo ilivyofanyika. Na kama ofisi haitaki kupokea mzigo wa thamani hiyo, kukataa huko ni taarifa muhimu: mtumaji amejua mapema kwamba hapo si mahali pa kupeleka hadubini.

Ni vizuri kukumbuka pia kwamba kutokutamka thamani hakumfanyi msafirishaji awe huru kabisa. Sheria ya Mikataba, Sura ya 345, inamtaka mtu aliyeaminiwa mali ya mwingine aitunze kama mtu mwenye busara ya kawaida angeitunza mali yake. Gunia lililolazwa juu ya katoni lingeweza kuwa hoja. Lakini hoja huhitaji ushahidi, na ushahidi wa kisa hiki ulichomwa shimoni.

Usiku ule kisiwani ndipo palipopotea kingi zaidi, kwa maoni yangu, kuliko hata pale Mbezi. Kona iliyobonyea, unga juu ya kifuniko, magazeti yaliyokandamizwa upande mmoja: vyote vilikuwa vikisema jinsi pigo lilivyoingia. Mpima hasara wa bima au afisa madai wa msafirishaji huangalia boksi kabla ya kifaa, kwa kuwa kifaa kilichovunjika hakisemi kilivunjikia wapi. Mpokeaji mwenye haraka ya kuona kama kifaa kinawaka hulitupa boksi kwanza. Saini ya wakala nayo ingeweza kuokolewa kwa maneno machache tu ya mkono, "katoni moja, kona imebonyea", ambayo yasingemchelewesha kwenye meli kwa dakika moja. Alikuwa hajaambiwa. Wakala wa aina yake hulipwa kwa kubeba, na hakuna aliyewahi kumweleza kwamba saini yake ina thamani kubwa kuliko mkokoteni wake.

Kwa wale wanaoagiza vifaa kutoka nje kwa ndege, jambo hili lina tarehe zake. Chini ya Mkataba wa Montreal wa 1999, ambao Tanzania ni mwanachama wake, malalamiko ya shehena iliyoharibika hutakiwa kufika kwa maandishi ndani ya siku 14 tangu kupokelewa, na wajibu wa shirika la ndege una ukomo wa SDR 26 (SDR ni kipimo cha fedha cha Shirika la Fedha la Kimataifa, IMF) kwa kila kilo tangu tarehe 28 Desemba 2024, isipokuwa mtumaji awe ametoa tamko maalumu la thamani na kulipa nyongeza inayotakiwa. Kwa hadubini ya kilo nane ukomo huo ni SDR 208, kiasi ambacho kiko mbali sana na bei yake. Uzito na thamani havina undugu, na vitu vidogo vya bei kubwa ndivyo vinavyoumia zaidi kwa kanuni ya kilo.

Upotevu wa boksi la pili ni somo la aina nyingine, na wengi waliosikia kisa hiki walidhani mwanzoni ni wizi. Kwa siku tisa makarani wawili walishukiwa bure. Boksi lilikuwa likisema kweli mbili kwa wakati mmoja, moja kwa karatasi ndogo juu na nyingine kwa kalamu kubwa ubavuni, na buti la basi halichagui ubavu utakaotazama mlango. Katoni iliyotumika si dhambi, lakini kila andiko la zamani lazima lifutwe au lifunikwe kabisa. Na anwani ya pili ndani ya boksi, ambayo haikuwepo, ingemwezesha karani wa Kahama kumtafuta mwenye mzigo mara tu Mama N. alipokana. Kilicholirudisha ni picha iliyopigwa kwa sababu isiyohusiana kabisa na usalama wa mzigo. Katika safari ya pili picha hiyo iliwekwa kuwa kazi ya lazima.

Idadi ya mikono ilikuwa hatari kubwa kuliko umbali. Katoni ya hadubini ilipita kwa kijana wa dukani, bodaboda, karani wa Mbezi, wapakiaji, wafanyakazi wa basi, karani wa Nyegezi, wakala na wahudumu wa meli kabla ya kufika zahanati, na katika makabidhiano hayo yote karatasi iliandikwa mara mbili tu. Barabara ya lami yenyewe iliharibu gia, lakini prisimu zilisogezwa na mkono ulioangusha katoni mahali fulani kati ya watu hao, na hakuna atakayejua ni wapi. Safari ya pili ilipunguza mikono hiyo kwa kumtumia fundi sanifu badala ya wakala na mkokoteni, jambo lililowezekana kwa sababu tu alikuwa na safari yake Mwanza wiki ile.

Kuhusu bima, kuna dosari ambayo mafanikio ya safari ya pili yaliificha. Masharti ya bima ya shehena yanayotumika sana duniani, yaani Institute Cargo Clauses, hata katika kundi lake pana zaidi, A, hayalipi hasara inayotokana na ufungaji usiotosha wala usiofaa. Ndiyo kusema kwamba kama hadubini ingekatiwa bima katika safari ya kwanza, ikiwa ndani ya magazeti na jukwaa lisilokazwa, huenda dai lingekataliwa vilevile. Sanduku la mbao na picha za ufungaji ni sehemu ya bima, wala si nyongeza yake. Dosari yenyewe ilionekana muuzaji aliposoma upya hati yake baada ya mzigo kufika: kinga ilianza dukani Kariakoo na kuishia kwenye ofisi ya kampuni ya vifurushi Mwanza. Kipande cha majini, chenye gati lenye msongamano na mzigo unaopitishwa kutoka mkono hadi mkono juu ya ubao, hakikuwa na kinga yoyote. Zahanati sasa inaagiza mashine ya kuzungushia sampuli za damu kutoka kwa muuzaji yuleyule, na swali la kwanza lililotumwa kwa mtu wa bima ni gharama ya kuisogeza kinga hiyo hadi mlangoni mwa maabara kisiwani. Mtu wa bima amejibu kwamba inawezekana, ila anataka kwanza jina la chombo kitakachovusha mzigo.